Sauti Iliyobaki Pangoni

Roma, Jumapili baada ya kazi

Mama mpendwa,

Pokea salamu za mtoto aliyekonda kidogo lakini hajambo. Goti lako linasemaje siku hizi? Na paa la hapo Shauri Moyo, kaunti wameliziba ama bado mnatega karai mvua ikinyesha?

Naandika kwa mkono kwa sababu simu yako husomwa na nyumba nzima, na haya ni yako. Nekesa ameniambia mliiangalia ile filamu. Ati ulitazama kidogo, ukauliza, "Sura ni ya Wafula, lakini anayeongea ni nani?" Kisha ukaenda kusonga ugali. Yeye naye, dada yangu wa toka nitoke, akanitumia ujumbe: "Bro, hiyo sauti umetoa wapi? Mtaa mzima inatucheka."

Imeniuma, Mama. Sikulaumu wewe, nawalaumu hawa watu wa filamu.

Miaka yote hii kwenye filamu zao za kutisha nimekuwa maiti, mlinzi wa jumba la mashetani, mla watu mwenye mfupa mkononi. Sikuwahi kupewa neno la kusema. Mara hii nikapewa mchawi mwenye maneno, Kiitaliano kitupu. Niliyakariri nikiosha sufuria pale mkahawani mpaka mpishi akawa ananijibu. Siku ya kupiga picha sikukosea popote, na mwongozaji akanikumbatia. Kumbe wana desturi yao: filamu ikiisha, mtu mwingine huingia chumbani na kuweka sauti yake juu ya yako. Hakuna aliyeniambia. Nilivaa suti nikaenda kujitazama, nikajiona nafungua mdomo, na ndani akatoka mzee wa Kiitaliano mwenye kikohozi.

Nilimuuliza mwongozaji. Akasema, "Sura yako inatisha vizuri, lakini lafudhi yako itawachekesha watu." Nilikasirika hadi nikashindwa kula. Hivyo ulichokisikia wewe ni kweli, hakikuwa changu.

Lakini kuna mahali hawakuniweza. Mbele kidogo, pangoni, mchawi anakilaani kijiji. Mwongozaji aliniambia, "Sema kwa lugha ya kwenu, chochote tu, hakuna atakayeelewa." Unajua kwetu laana haisemwi kwa mchezo, na wewe ungenichapa hata na umri huu. Nikasimama pale nimepakwa majivu, kichwa kitupu, halafu yakanijia maneno niliyoyasikia utoto wangu wote chini ya meza yako ya mitumba Gikomba. Nikanyoosha mikono, nikanguruma: "Kuja uchague, kastoma! Bale ya leo! Shika, jaribu, vaa uende!" Mwigizaji mwenzangu, binti wa watu, alilia machozi ya kweli. Yule mzee wa kikohozi hakuweza kuyatamka, basi wakaniachia.

Sasa wanaandaa filamu ya pili. Wanataka laana iwe ndefu zaidi, maneno mengine yote ayaseme mzee wao. Nimewaambia nitasema yote kwa mdomo wangu, ama hata hiyo laana hawaipati. Mwongozaji akacheka, akasema weusi wa kuigiza hawakosekani Roma. Hajanipigia tena. Kwa hivyo ukiulizwa niko wapi, niko kwa sufuria, na hasira bado ninayo.

Msalimie Mjomba Barasa, fundi wetu wa viatu, na Mama Halima, jirani anayekuletea mahamri. Pasta naye mwambie mimi si mchawi, ilikuwa kazi. Nekesa nitamsalimia mwenyewe akiacha kunicheka.

Ombi langu ni moja tu. Mwambie Nekesa akuwekee tena ile filamu, aisogeze hadi pangoni. Wewe uliinuka mapema ukaenda kupika. Usiitazame sura, wala hayo majivu. Ukimsikia mtu ananadi nguo zako, huyo hajafunikwa na yeyote. Ni mimi, Mama.

Kitinda mimba wa meza yako,
Wafula