Daktari Aliyesema "Dunno"

Masumbwe, Geita
Jumapili, baada ya misa

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo Baba. Marahaba yako naipokea huku huku, najua umeshaitikia. Magoti yanaendeleaje na baridi hii ya asubuhi? Mama amemaliza kupulizia mikorosho ya bondeni, au bado anabishana na mjomba kuhusu salfa? Mimi ni mzima, nakula, nalala, na nimenenepa kidogo kwa michembe, viazi vitamu vya kukaushwa vya huku. Nimeamua kuandika kwa kalamu kwa sababu kwenye simu tunapigiana kelele tu. Juzi nilisema "nimekula", ukauliza "nani amekufa?", Mama akaanza kulia.

Huku ni kiangazi na watu wako mashambani wanavuna pamba. Salamu za asubuhi nimezimudu. Nasema "Mwangaluka," nao wanaitikia, kisha wanaendelea na Kisukuma chao mpaka naishiwa na kusimama nikitabasamu. Wananicheka, lakini kwa upendo. Wananiita nesi wa kusini.

Leo nina habari ya kujivunia, Baba, wala sitajifanya mnyenyekevu, kwa sababu nusu yake ni yako.

Tangu masika yaliyopita hospitali yetu ina daktari mgeni wa upasuaji, Daktari Joan, Mwingereza wa makamo, mrefu, anayetembea kama mtu anayekimbilia basi. Kiswahili chake hakivuki "pole sana". Mganga mkuu alipouliza nani atasimama naye wodini kumtafsiria, nilinyoosha mkono kabla hajamaliza. Nilijiambia, mimi ni mtoto wa Mwalimu, Kiingereza nimekulia ndani yake. Nilikuwa na "perhaps" yangu, na "I am not certain", na "I beg your pardon", vyote vimepigwa pasi.

Siku ya kwanza tulisimama kwenye kitanda cha mtoto mwenye jipu. Nikamuuliza daktari kama mtoto anaweza kuruhusiwa. Akakuna kichwa, akasema, "Dunno."

Baba, nilidhani ni jina la dawa. Nilikwenda mpaka dirisha la dawa kuuliza kama tunayo. Mfamasia akapekua kabati lote, akarudi anafuta jasho, akaniambia, "Imeisha hiyo. Jaribu Geita mjini."

Kesho yake ikawa "iffy". Kidonda kilikuwa "iffy", damu ya kuongezea ilikuwa "iffy", hata umeme ulikuwa "iffy". Kamusi uliyonipa haina neno hilo. Kisha akaja mzee mmoja mwenye henia, daktari akasema yuko "in two minds". Nikamtafsiria mzee vilevile: "Daktari anasema ana akili mbili." Mzee akamtazama kwa heshima, akasema, "Basi ana bahati. Wengine hata hiyo moja haitutoshi."

Hapo nikaona nisione aibu. Wakati wa chai nikamweleza daktari yote, pamoja na habari ya mfamasia. Alicheka mpaka akaweka kikombe chini. Kisha akanifundisha kwa uvumilivu, kama ulivyokuwa unatufundisha wewe, ila bila chaki. "Dunno" ni "I do not know" iliyovaa kandambili. "Iffy" ni kitu usichoweza kukitegemea, kama daraja la miti baada ya mvua kubwa. "Sort of" na "kinda" ni kusema ndiyo huku mguu mmoja uko nje ya mlango. "I guess" ni nadhani, lakini usinishike shati. "Dither" ni kusitasita, kwenda mbele na kurudi nyuma bila kufika popote. Na "in two minds" si akili mbili, ni moyo uliogawanyika kati ya njia mbili.

Nikamuuliza mbona mtu aliyesoma vile ana maneno mengi hivyo ya kutojua. Akasema, "Kwa sababu ni jambo linalonipata kila siku."

Sikulijali sana jibu hilo, mpaka alipoletwa Masanja.

Masanja ni mchimbaji mdogo. Duara alilokuwa anachimba, ndivyo wanavyoita mashimo yao ya dhahabu, liliporomoka ukuta mmoja, na jiwe likamwangukia mguu wa kushoto chini ya goti. Wenzake walimtoa wakamleta kwenye kirikuu, kile kigari kidogo cha mizigo, amelazwa juu ya viroba. Mkewe, Mama Kulwa, alikuwa amekishika kichwa chake mapajani njia nzima. Kaka yake mkubwa, Mabula, alikuja nyuma kwa bodaboda.

Daktari Joan alimpeleka chumba cha upasuaji, akasafisha, akafunga mifupa kwa vyuma vya nje. Alipotoka hakuvua hata kofia. Aliniita nikasimame naye mbele ya familia. Mfupa ulikuwa umevunjika vibaya, lakini kilichomsumbua ni damu kutofika vizuri chini. Vidole vya mguu vilikuwa vya baridi, mara vina uhai, mara havina.

Mabula akauliza, "Mguu unakatwa au haukatwi?"

Nikatafsiri. Daktari akavuta pumzi. "Honestly? I dunno," akasema. "It's iffy. I'm in two minds." Kisha akaeleza polepole. Akikata leo, mguu umekwenda lakini uhai una nafasi kubwa. Akisubiri mpaka kesho, huenda damu ikarudi na mguu ukabaki, au huenda nyama ikaoza, sumu ikapanda, wakampoteza Masanja mwenyewe.

Kabla sijafungua mdomo, Dada Leokadia, mkuu wetu wa wodi, alinivuta kando kwa kiwiko. Ni mama mwema, amefanya kazi huku miaka mingi, na maneno yake hayakutoka kwenye ubaya. Alininong'oneza, "Usiwaambie hajui. Watu hawa wakisikia daktari hajui, watambeba mgonjwa wampeleke kwa mganga wa mifupa, afie huko. Nimewaona. Waambie tu mguu unakatwa, basi."

Baba, nilikukumbuka ukigonga meza mbele ya darasa la sita: "Unajua au hujui! Hakuna labda hapa!" Kama ningemfuata Dada Leokadia, hakuna ambaye angenilaumu kamwe. Mguu ungekatwa, mtu angepona, wote wangeshukuru. Lakini mguu haukuwa wangu, wala wa Dada Leokadia. Na kile alichosema daktari hakikuwa "hajui" ya mtu asiyesoma somo lake. Alikuwa amelisoma lote, na mwisho wa somo akakuta njia mbili.

Nikarudi mbele yao nikamwambia Mama Kulwa hivi: "Daktari ameuona mguu vizuri, na ameitazama hali yote. Njia ziko mbili, na moyo wake haujatulia kwenye hata moja." Nikamweleza ya kukata na ya kusubiri, hatari ya huku na ya kule, bila kupunguza wala kuongeza.

Mabula akasimama. "Njia mbili zilimshinda fisi! Mimi nimeleta mgonjwa kwa daktari, sikumleta kwa mtu wa kuulizana naye. Kama hajui, tunaye mtu anayejua, yuko Ushirombo. Tumchukue."

Dada Leokadia akanitazama, na macho yake yakasema kila kitu.

Mama Kulwa hakusimama. Alikuwa bado na vumbi jekundu la duara mpaka kwenye nyusi. Akaniambia, "Nesi, muulize huyu mama. Angekuwa ni mume wake yeye, angefanyaje?"

Nikauliza. Daktari Joan akatoa "umm" moja ndefu. Nikamwinulia Mama Kulwa kiganja kwamba asubiri, anafikiri. Kisha daktari akasema, "I'd wait till tomorrow. I guess. But I'd be scared."

"Anasema angesubiri mpaka kesho," nikatafsiri. "Anadhani hivyo, hana hakika. Na angeogopa."

"Daktari anaogopa!" Mabula akapiga makofi. "Shemeji, umesikia mwenyewe?"

"Nimesikia," akasema Mama Kulwa. "Na mwenye duara je, aliogopa? Masanja alimwambia ile miti ya kuzuia kuta imechoka. Akamjibu nini? Wewe ulikuwepo, shemeji. Akamjibu, hakuna shida, ingieni." Akajifuta uso kwa ncha ya kitenge. "Mimi mtu asiyeogopa nimeshamwona. Huyu anayeogopa ndiye nitakayemwachia mume wangu."

Mabula akakaa. Tukamwendea Masanja, ambaye dawa ya maumivu ilikuwa imeanza kumwachia, nikamrudishia maneno yote yaleyale. Alisikiliza amefumba macho. Akasema, "Mama Kulwa amesemaje?" Nikamwambia. "Basi tusubiri," akasema.

Kesho yake asubuhi nilifika wodini hata chai sijanywa. Daktari Joan alikuwa ameshainama mguuni, ameshika vidole kimoja kimoja kama mtu anayechagua nyanya sokoni. Viwili vya mwisho vilikuwa vyeusi, havina la kusaidia. Vilivyobaki vilikuwa vya moto. Akaushika mkono wangu, akauweka juu ya vidole hivyo ili nisikie mwenyewe. Sikuhitaji kutafsiri. Mama Kulwa alikuwa upande wa pili wa kitanda, akaweka wa kwake, akasema "Wabeja, wabeja," asante ya kwao, huku machozi yanamdondoka kwenye shuka. Mabula alitoka nje, na nilipomkuta barazani alinigeuzia mgongo, lakini alikuwa amenishikia chupa ya chai.

Vile vidole viwili vilitolewa. Mguu ulibaki. Ulichukua muda mrefu, ukapata usaha, ukapona, ukafungwa tena, na Masanja atachechemea maisha yake yote. Siku ya kuruhusiwa alitoka kwa magongo mpaka getini, na kijana wa bodaboda aliyekuwa anamfahamu akamtania, "Mzee, duarani tunarudi lini?" Masanja akautazama ule mguu. "Sijui," akasema. "Labda nikipata nguvu..." Mama Kulwa alikuwa ameshampandisha kwenye pikipiki, akakaa nyuma yake na kumkumbatia kiuno. "Mimi najua," akamwambia kijana. "Washa pikipiki, twende nyumbani."

Dada Leokadia hakuniomba radhi wala sikutaka aniombe, maana hao wagonjwa waliotoroshwa aliwaona kweli kwa macho yake. Lakini wiki iliyofuata alinileta mbele ya wauguzi wapya, akawaambia, "Mkitaka kujua namna ya kumwambia mtu jambo gumu, simameni karibu na huyu." Sasa kila Alhamisi nakaa nao. Tunafanya mazoezi: mmoja daktari, mmoja ndugu wa mgonjwa, mmoja mkalimani. Nawaambia Kiswahili kina labda, huenda, pengine, yumkini, na kila moja ina uzito wake, wasizitupe tu kama maganda ya karanga. Nilipojisikia nikisema hivyo, Baba, ilikuwa sauti yako kabisa, mpaka nikanyamaza kidogo.

Umeniuliza kuhusu uhamisho, na Mama ndiye aliyekutuma uulize, najua. Nimefikiri. Jibu langu ni kwamba sirudi mwaka huu. Sisemi labda. Nina kazi huku ninayoiweza, na watu wanaonisubiri asubuhi. Naomba baraka yako kwa hilo, na umpoze Mama.

Nisalimie Mama, mwambie kanga aliyonitumia naivaa kanisani. Nisalimie dada Zuhura na mumewe fundi cherehani, na yule mtoto wao mdogo mwenye maswali. Nisalimie mjomba, na shangazi muuza vitumbua, na Bibi, umshike mkono kwa niaba yangu maana haoni tena. Msalimie pia jirani yetu shehe, aliyeniombea dua siku naondoka.

Mwezi wa likizo nitakuja, na sitakuja peke yangu. Daktari Joan aliniuliza nani alinifundisha Kiingereza, nikamwambia ni mwalimu wa shule ya msingi Nachingwea, aliyekuwa na vitabu vitatu kwa darasa zima. Akaniuliza kama bado yu hai. Nikamwambia yuko hai, na anapenda kubishana. Daktari anataka kukushika mkono. Atalala chumba changu, mimi nitalala na Bibi. Ukiongea naye, ongea Kiingereza chako kilekile cha mbele ya ubao. Usibadilishe hata neno moja kwa ajili yake.

Ni mimi mwanao wa pili, nesi wa kusini,

Fidea