Sauti ya Pili kwa Wino Mwekundu

Uingereza,
Jumapili, baada ya ibada

Kwa Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Nasubiri kidogo hapa uitike, maana nakujua, wewe hata barua unaiitikia kwa sauti. Haya, ahsante. Mimi ni mzima wa afya, ila baridi ya huku inaniuma vidole mpaka nashindwa kufunga vifungo vya sare ya uuguzi. Mama hajambo? Goti lake linamruhusu kufika kisimani, au bado anamdanganya kila mtu kwamba haliumi? Na mahindi ya shamba la kijiji, nguruwe wamewaachia chochote? Tangu mhamie kijiji kipya huko chini ya mlima, sijui nikuwaze umekaa wapi. Nyumba yetu ya Vidunda naijua kila jiwe. Hiyo mpya naijua kwa barua tu, kwa hiyo nimekuweka mlangoni, upande wa jua, umevaa lile sweta la kahawia. Kama sweta limekwisha, usiniambie.

Najua pia kwamba umeshafungua mzigo kabla ya kusoma. Umekuta sahani ya santuri, na kwenye jalada lake vijana sita wa Kizungu wenye nywele za kufika mabegani, wameshika magitaa ya umeme, na pembeni msichana mmoja mweusi aliyevaa koti refu la kuazima. Ndiyo, Baba, ni mimi. Usimwite Mama kwanza. Maliza kusoma.

Barua ya kaka Yeremia ilinifikia kabla ya Krismasi. Aliandika habari za gereji ya Mikumi, za tembo aliyelala barabarani mabasi ya Iringa yakapanga foleni, halafu mwishoni kabisa, kama mtu anayeogopa kusema, akaandika hivi: "Baba amekabidhi uma wa sauti na sanduku la nyimbo kwa mzee Zefania. Kasema kiziwi haongozi kwaya. Siku ya mazoezi anachukua jembe, anakwenda kupalilia hata pasipo na magugu."

Niliisoma kwenye chumba cha chai hospitalini, na muuguzi mmoja akaniuliza nani amefariki. Nikamwambia hakuna aliyefariki. Nilikwenda chooni nikalia mpaka zamu ikaanza. Wewe bila kwaya, bila kile chuma chako cha kutolea do, Baba, mimi simjui mtu huyo.

Sasa nikueleze nilivyoingia kwenye jalada la santuri. Kanisani ninaposali kuna kundi la vijana wanaoimba ukumbini Jumamosi alasiri. Kiongozi wao anaitwa Kolini, mchana ni karani wa posta, jioni anapiga gitaa kana kwamba limemkosea. Wanamwimbia Mungu, maneno yao ni ya Injili kabisa, lakini muziki wenyewe ni ule ule uliokufanya unitoe dirishani kwa sikio pale hotelini Mikumi, nilipokuwa darasa la saba, ukaniburuta mpaka kituo cha mabasi ukisema gitaa ni chombo cha baa. Siku ya kwanza niliposikia ngoma zao nililishika sikio langu bila kujua.

Walinikaribisha wakanipa kitabu cha nyimbo zao, hicho nilichokiweka mzigoni pamoja na santuri. Nikafungua, nikaona mistari mitano mitano imejaa viluwiluwi vyenye mikia. Hakuna herufi zetu za d r m f s l t hata moja! Nikasema siwezi kusoma. Basi wakaniangalia kwa huruma, msichana mmoja akaanza kunieleza polepole muziki ni kitu gani, kama anayemweleza mtoto. Nilimwacha amalize. Halafu nikamwomba anipigie wimbo ule mara moja kwenye piano. Nikatoa kalamu, nikaandika sauti ya pili kwa herufi zetu nyuma ya karatasi ya wodi, nikaomba do, nikasimama nikaimba kuanzia juu mpaka chini, hata pale pa nusu pigo. Kolini akauliza nimejifunza wapi. Nikamwambia: Vidunda, kwa baba yangu, na aliyekosea noti aliimba peke yake mbele ya watu wote.

Ni muziki mgumu kwetu, Baba, nisikufiche. Wanapiga mdundo mahali ambapo sisi tunavuta pumzi. Wiki mbili nzima nilikuwa naingia kabla ya wakati. Lakini nikaja kugundua kwamba pale ndani, chini ya makelele, sauti nne zimekaa sawasawa kama ulivyotufundisha, na besi ndiye anayewabeba wote. Ungewaondolea nywele ungewapenda.

Santuri tuliinasa kwenye chumba kimoja juu ya duka la viatu. Kuta zote zimebandikwa trei za mayai ili sauti isirudi. Fundi wa mitambo akatupanga mbele ya maikrofoni, tukaanza, akasimamisha. Akaniambia nirudi nyuma hatua mbili. Tukaanza tena, akasimamisha tena, nirudi nyuma zaidi. Mwisho niliimba nikiwa nimeegemea mlango, na bado akasema huyu dada ndiye anayesikika. Hakujua kwamba nimefundishwa na mtu aliyekuwa akisimama ng'ambo ya bonde na kusema, "Damari, sikupati." Nilifurahi, Baba, halafu papo hapo furaha ikakatika. Nikawaza kwamba watu nisiowajua watanisikia kwenye santuri, na aliyenipa sauti hatanisikia.

Hapa ndipo nimeianza barua hii mara nne na kuichana.

Mwezi wa kumi, darasani, mwalimu wetu wa dawa alifika kwenye sindano za kifua kikuu. Zile zile zako za kila siku. Akasema dawa ile inaweza kuua mshipa wa kusikia, na kwamba mgonjwa akianza kusikia mvumo, daktari aambiwe siku hiyo hiyo. Wenzangu wakaandika. Mimi kalamu ilinigomea.

Wewe uliniambia. Ilikuwa huko nyumbani, kabla sijaja huku. Ulikuwa umekaa kitandani wodini, umeshika kikombe cha uji, ukasema, "Damari, kichwani mwangu mna nyuki." Nami, mwanafunzi wa mwaka wa kwanza mwenye kofia mpya, nikakujibu kwamba hiyo ni dawa inafanya kazi, itapita, maliza sindano. Sikumwambia daktari. Sikumwambia mtu yeyote. Nawe ukamaliza, kwa sababu aliyesema ni mimi. Ungekuwa umeambiwa na muuguzi mwingine yeyote ungebisha, nakujua. Kifua kikapona, masikio yakaenda.

Unakumbuka uliponisindikiza stesheni ya Kilosa? Treni ililia ikiwa bado mbali, watu wote wakainuka na mizigo yao, wewe ukaendelea kunieleza habari za kuwaandikia kila mwezi. Uligeuka ulipoona watu wanakimbia. Ukacheka, ukasema umezeeka. Nami nikacheka nawe ili usione uso wangu. Wakati ule sikujua sababu. Sasa naijua, na wewe una haki ya kuijua. Huenda daktari angebadili dawa. Huenda asingebadili, maana kifua chako kilikuwa kibaya, na mimi hata leo afadhali niwe na baba kiziwi kuliko kaburi. Lakini ilikuwa juu yako kuchagua, si juu yangu. Nisamehe, Baba. Sikuombi uniambie si kitu. Ni kitu.

Na kwa kuwa nimekosa, sasa nina ujasiri wa kukuamuru. Sikiliza maagizo ya muuguzi, tena safari hii nimeyapima kwanza.

La kwanza ni hilo daftari nene lililo chini ya santuri. Nyimbo zote za kitabu nimezihamisha kwenye herufi zetu, sauti zote nne, na maneno nimeyatia Kiswahili. Palipochechemea nyoosha wewe. Ilinichukua miezi mitatu, kidogo kidogo kila nilipotoka zamu. Karatasi nilipewa na bibi msimamizi wa wodi, ni chati za zamani za kupimia joto, kwa hiyo ukigeuza usishangae kukuta homa za Waingereza zinapanda na kushuka. Nyingine ukiziimba zinatoka tuni nzuri, nimejaribu. Wewe huhitaji masikio kusoma hili. Nilikuona miaka yote ukikaa na wimbo mpya, midomo imefungwa, kidole kinapiga goti, na ukifika mahali pazuri unatabasamu peke yako kabla yeyote hajatoa sauti. Ulikuwa unasikia kwa kitu gani wakati ule? Hicho hakikupigwa sindano.

La pili linahusu santuri, na hapa usikasirike. Yeremia anasema mwenye ile hoteli ya Mikumi ana gramafoni kubwa yenye spika mbili za kufika kifuani. Ndiyo, Baba, baa. Nenda mchana, kabla ya wanywaji. Yeremia atakupeleka, nimeshamwandikia. Muweke santuri, wimbo wa tano. Weka viganja vyote viwili juu ya sanduku la spika, kisha waambie waongeze sauti. Gitaa la besi na ngoma utavipata mikononi, nimejaribu mwenyewe na pamba masikioni, na wimbo mzima niliufuata bila kupotea. Nyimbo zetu za zamani, za kinanda taratibu, zisingekufikia. Huu utakufikia. Mungu ana vituko vyake: amekupa muziki ule ule uliouchukia, kwa sababu ndio wenye nguvu ya kupita kwenye ngozi. Kama mchungaji atauliza ulikwenda kutafuta nini baa, mwambie binti yako alikuwa anaimba.

La tatu ni wimbo huo huo wa tano, kwenye daftari. Utaona nimeuandika kwa wino mweusi kama nyingine, isipokuwa mstari wa pili. Huo ni mwekundu. Huo mwekundu ndio mimi, jinsi nilivyoimba siku ile nimeegemea mlango, hata pale nilipochelewa kidogo baada ya ubeti wa tatu nimepaandika nilivyochelewa. Spika haitakupa sauti yangu, ni nyembamba mno kwa viganja. Kwa hiyo nimekuandikia. Mkono ukishika besi, jicho lishike wekundu, utakuwa umenisikia kuliko mtu yeyote aliyenunua santuri hii dukani.

Sasa nikutume salamu. Mama nimemwekea kitambaa cha kufunga goti, cha sufu, kiko ndani ya soksi. Akikataa kukivaa mvalishe kwa nguvu ya Serikali. Kaka Yeremia mpe shukrani zangu kwa kuniambia ukweli, na umsamehe, alifanya vizuri. Shangazi yetu mwenye kugawa zamu za shamba la kijiji mwambie akupunguzie palizi siku za mazoezi. Mzee Zefania, mlinzi wa uma wa sauti, msalimu kwa heshima zote, kisha mwambie Damari anauomba urudi kwa mwenyewe. Uma huo ukiupiga gotini na kuushika kwenye meno utapata do yako. Wanakwaya wote, wa zamani wa mlimani na hao wapya wa kijijini, wasalimu kwa pamoja, na wale wa sauti ya tatu waambie bado wanashuka.

Mzigo huu anauleta mwalimu mmoja wa kike anayerudi nyumbani Iringa. Anaondoka wiki ijayo, na ataushusha kwa Yeremia gerejini, kwa hiyo utakuwa nao mapema. Jumapili ya kwanza ya Kwaresima tutaimba wimbo wa tano kanisani hapa, saa tano asubuhi. Kwenu itakuwa saa nane mchana, ibada imekwisha, watu bado wako uwanjani. Wapange wanakwaya waimbe nasi wimbo huo, Baba. Huhitaji kuwasikia, utawaona midomo, na aliyekosea utamjua kwa uso wake kama ulivyomjua siku zote. Mimi nitakuwa mstari wa mbele, nimefumba macho. Tangu utoto wangu hukuwahi kunihesabia pigo la kuingia. Ulikuwa unainua nyusi ya kushoto tu, nami nikajua ni zamu yangu. Mpaka leo, kabla sijafungua mdomo, naingoja nyusi hiyo. Iinue, Baba. Nitaingia.

Ni mimi binti yako, sauti ya pili,
Damari