Siku Niliyoushika Mpira wa Morag

Jeddah, Alhamisi jioni. Joto limepungua, unyevu uko palepale, na miguu yangu imo ndani ya beseni la maji ya chumvi.

Tumepita mchujo. Naandika hilo kwanza, maana tangu nirudi chumbani nimekuwa nikilirudia peke yangu.

Nilikuja nchi hii kufanya kazi za nyumbani, mtaa wa Aziziya. Wakati huo ungeniambia wanawake watacheza gofu ya kulipwa hapa, ningekupa maji baridi unywe upumzike. Mambo yamebadilika. Madam, mwajiri wangu, alipoanza kuendesha gari mwenyewe hakunihitaji tena nyumbani kutwa, na kafili, yaani mdhamini wangu, akakubali kuhamishia ikama yangu, kibali cha kuishi, kwenye klabu ya gofu, walikokuwa wakitafuta wafanyakazi wa kike. Bi Hanan, msimamizi wetu, aliponiuliza kama naijua gofu, nilimwambia nimekulia Limuru, na tangu nikiwa shule nilikuwa kedi, nikibeba mifuko ya fimbo za wachezaji. Juzi, mashindano yalipofika klabuni kwetu, kedi wa Morag, mmoja wa wachezaji, aliharibikiwa na tumbo. Bi Hanan akaniambia, yalla, beba wewe.

Morag ni Mskoti, ana miaka arobaini na moja. Alijifunzia kwenye uwanja wa umma wa mji wao, mahali ambapo anasema mvua hukupiga ubavuni. Alianza gofu ya kulipwa akiwa na miaka ishirini na miwili, na ameshinda mashindano mawili tu: la kwanza akiwa msichana, la pili baada ya kupasuliwa mgongo. Katikati ni viwanja vya ndege na hoteli. Alinisimulia haya tukitembea, kwa sauti ya mtu anayehesabu nguo za kufua. Wiki iliyopita, Riyadh, alichujwa kabla ya siku ya mwisho. Akasema akichujwa na hapa, nafasi yake ya mwakani imekwenda, na halas, basi tena, anastaafu. Hilo neno la Kiarabu alishalijua.

Sasa nikiri.

Limuru wakati wa masika mpira hugandwa na matope, na klabu huruhusu uinuliwe upanguswe. Kedi mzuri hasubiri kutumwa. Anatangulia, anaupangusa, anaurudisha, mchezaji akifika anakuta mpira unang'aa. Nilifanya hivyo miaka sita. Leo, shimo la kumi na nne, Morag alibaki nyuma akifunga kamba ya kiatu, mimi nikatangulia. Nyasi zilikuwa zimemwagiliwa, mpira una tope. Nikauinua, nikaupangusa kwa taulo, nikaurudisha mahali pake.

Nilipoinuka ndipo nikakumbuka niko wapi.

Kwenye mashindano haya mpira hauguswi. Kedi akiushika, mchezaji wake anaongezewa pigo, na katika gofu mwenye mapigo machache ndiye anayeshinda. Sisi tulikuwa palepale kwenye mstari wa mchujo. Likiongezeka pigo moja, tuko nje. Mazoea yana taabu jamani.

Hakuna aliyeniona. Mwamuzi alikuwa mbali, na mchezaji mwenzetu alikuwa akihangaika na mpira wake mchangani. Nisijifanye malaika: niliwaza kunyamaza. Nilijiambia, mama huyu amehangaika miaka kumi na tisa, nami nimstaafishe kwa taulo? Kwa muda ule kunyamaza kulionekana kuwa ndiyo huruma. Lakini alipokaribia nikamwona anavyotembea akilinda mgongo wake, nikaona aibu. Nikamwita madam, ingawa alishanikataza kumwita hivyo.

"Madam, nimeushika mpira wako. Nimeupangusa."

Akanitazama, akautazama mpira. Akauliza ulikuwa umelala wapi hasa, nikamwonyesha. Kisha akainua mkono kumwita mwamuzi, akamweleza mwenyewe, akaongezewa pigo. Hakunigombeza. Alipiga, akatembea, akapiga tena, na mimi ningependa zaidi kugombezwa. Tulipofika shimo lililofuata ndipo akasema.

"Nimechujwa mara nyingi. Kufichwa kitu na kedi wangu, bado. Nipe fimbo namba saba."

Tulimaliza tukiwa nje kwa pigo moja. Wachezaji wa mchana walikuwa bado uwanjani, kwa hiyo ikawa ni kungoja. Nilikaa nyuma ya chumba cha mifuko nikiomba, na nakiri niliomba vibaya: niliomba upepo. Baada ya alasiri ukaja kutoka baharini, mipira ya watu ikaanza kwenda isikotumwa, mapigo yao yakaongezeka. Mstari wa mchujo ukasogea pigo moja. Bi Hanan alikuja haraka, pindo la abaya mkononi, akasema tu, "Halas, mmeingia."

Nililia mpaka nikaona haya. Morag aliketi sakafuni, mgongo ukutani, akacheka kidogo. Akaniambia amechoka kabisa, na kwamba anafurahi kuwa mwakani atachoka tena.

Najua upepo ungekataa, leo ningekuwa naandika mengine. Angekuwa amestaafu kwa mkono wangu, na sijui ningemtazamaje. Ila nafuu niliyo nayo sasa hivi haikuanza na upepo. Ilianza pale kwenye nyasi, maneno yaliponitoka mdomoni, nikiwa bado naamini nimemharibia kila kitu.

Kesho tunaanza saa moja asubuhi. Nitatembea kando yake hatua kwa hatua, na mikono yangu yote miwili itakaa kwenye kamba za mfuko.