Mshiriki wa Pili Akataa Kuwa wa Pili

4 Machi

Mama mdogo mpendwa,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima, na kwamba lile bega linalokusumbua ukishona sana limetulia. Mimi ni mzima, nimekonda kidogo kwa kusoma, lakini usimwambie mtu.

Kaa vizuri maana nina habari. Mwalimu anayenisimamia amekubali utafiti wangu! Nataka kujua kwa nini watu waliofanya kazi pamoja miaka mingi huachana. Nani alikosea sina haja naye. Nataka kujua kila mmoja anajieleza vipi, na kama maelezo hayo ndiyo yaliyowaachanisha au yalikuja baadaye, kama bitana unayotia ndani ya koti ili mishono isionekane. Hapo ndipo wataalamu wa elimu ya jamii wanaposhikana mashati. Wengine wanasema sababu ya mtu ni ile anayoisema mwenyewe. Wengine wanasema mtu huyohuyo ndiye wa mwisho kuijua. Mimi bado sijachagua upande, na raha yote iko hapo.

Nimepata jozi tano za watu. Kuna wauza vitabu, kuna wapiga picha, na wengine. Jozi ya tano ni wewe na mama.

Usiitupe barua! Mama amekwisha kubali. Najua ninyi dada wawili hamjasemeshana tangu ule ukuta ulipojengwa katikati ya karakana yenu ya ushonaji, miaka sita sasa. Ndiyo maana nimechagua barua badala ya kuja na kinasa sauti. Kwenye barua mtu anatulia, anafuta, anafikiri. Unachoniambia sitakipeleka kwa mama, na anachoniambia mama sitakileta kwako. Nimelitilia sahihi hilo chuoni, nikilivunja nimekwisha. Majina pia hayatatumika: mama ataitwa Mshiriki wa Kwanza na wewe Mshiriki wa Pili.

Swali lenyewe ni jepesi. Mliachana kwa nini?

Mwanao,
Kwanini
(jina ulilonipa mwenyewe nilipokuwa nakuchosha kwa maswali, sasa nalisomea shahada)

15 Machi

Kwanini mwanangu,

Marahaba. Bega lipo na mimi nipo, tunavumiliana. Kula, mtoto. Elimu haitaki mifupa.

Kwanza tuelewane. Kwa nini mimi ni Mshiriki wa Pili? Hata kwenye karatasi mama yako awe mbele? Tulipokuwa wadogo yeye alioga kwanza, yeye alivaa viatu vipya kwanza, mimi nikavirithi vikiwa vimeshajua njia zake. Mwambie huyo mwalimu wako nimekataa.

Haya. Tuliachana kwa sababu ya meza. Ile meza kubwa ya kukatia, unaijua, ulilala chini yake ukiwa mchanga. Mama yako aliitaka dirishani apate mwanga. Mimi nikaitaka cherehani yangu iwe dirishani, maana uzi mweusi kwenye kitambaa cheusi unataka macho. Asubuhi mmoja anasukuma, jioni mwingine anarudisha. Tukarushiana maneno mpaka mbele ya wateja. Mjomba wako tulimwita kuamua kila wiki, hadi akawa akituona kwa mbali anabadili njia. Halafu ukaja ukuta. Ukuta sitaki kuuzungumzia. Andika, "Mshiriki amenyamaza."

Utauliza sasa kazi inakwendaje. Vizuri tu. Mama yako anakata upande wake, mteja anachukua vipande vyake, anatoka kwa mlango wa kule, anazunguka nyumba, anaingia kwangu, nashona. Wateja wamezoea, ingawa mvua ikiwakuta njiani wanatusema. Siwezi kushona kitambaa kilichokatwa na mtu mwingine. Nilijaribu na fundi wa mtaa wa pili, kola zote zikaenda upande. Mama yako pale kitambaa kinapoteleza hunitilia alama ndogo ya chaki, ili nipunguze mwendo. Hiyo si salamu, usije ukaandika ni salamu. Ni kazi.

Sikufichi, nimefurahi. Watu huniuliza nguo itakuwa tayari lini. Hili hakuna aliyewahi kuniuliza.

Mama yako mdogo

28 Machi

Mama mdogo, shikamoo!

Bega vipi? Mimi sijambo, ila barua yako nimeisoma nikitembea nikamgonga mtu kwenye korido ya maktaba. Chaki! Nimepita milango yenu yote miwili likizo baada ya likizo, na sikuwahi kuiona hiyo chaki.

Nilimkimbilia mwalimu, nikamkuta na kikombe cha chai mdomoni. Nikamwambia, "Wanasema wameachana, lakini mikono yao haijaachana!" Akakiweka kikombe chini. Akasema kazi yetu ndiyo hiyo, kuyaweka pamoja anayoyasema mtu na anayoyafanya, bila kukimbilia kusema mojawapo ni uongo. Kisha akaniambia nipunguze sauti, chumba cha pili kuna mtihani.

Sasa nataka zaidi. Maswali ya nyongeza ni manne. La kwanza, wewe umewahi kumrudishia mama alama yoyote? La pili, mteja akiulalamikia mkato, unamtetea mama au unanyamaza? La tatu, unasikia nini kupitia ukutani? La nne, najua hutaki kuugusa ukuta, lakini niruhusu nijaribu: ulipomwomba mjomba alete fundi mwashi aujenge, ulimpa sababu gani?

Tarehe ishirini na tano Aprili nawasilisha mbele ya jopo. Ninyi ndio roho ya kazi yangu. Bila ninyi nina jozi nne za watu waliogombana kawaida tu.

Mwanao mwenye haraka,
Kwanini

5 Aprili

Kwanini,

Salamu zitafuata, utanisamehe.

Soma tena swali lako la nne. Nilipomwomba? Mimi?

Ukuta aliuomba mama yako. Mjomba alinijia Jumamosi, akavua kofia, akakaa, akasema, "Dada yako amechoka. Ameomba ukuta. Usimwulize, utamwumiza zaidi, mwachie tu." Jumatatu nikakuta tofali zimefika uani. Mama yako alikuwa amesimama nje, ananitazama kana kwamba mimi ndiye niliyemwibia. Damu ikanichemka. Nikasema moyoni, mtazame huyu, ajenge yeye na anune yeye! Nikajikaza kisabuni, nikaingia upande wangu, nikashona kutwa bila kuinua kichwa. Ikawa ndiyo hivyo mpaka leo.

Sasa hili la kwamba niliomba mimi umelitoa wapi? Kwangu hukulitoa.

La tatu nakujibu. Nasikia mkasi wake. Ukikaa kimya muda mrefu, naacha kazi nasogea karibu na ukuta mpaka uanze tena.

Nani kakwambia?

Mama yako mdogo

12 Aprili

Mama mdogo,

Shikamoo, na pole, na sijui niongeze nini.

Siwezi kukujibu. Nimeweka sahihi yangu, na nikiivunja kwako nimeivunja kwa kila mtu aliyeniamini.

Nimeharibu kazi kwa kosa la kitoto. Wiki ya kwanza kabisa tunafundishwa: usitie jibu ndani ya swali. Mwalimu alipoisoma nakala ya barua yangu alivua miwani akafumba macho. Akasema mtafiti anapouliza hachoti tu, anamimina pia, na mimi nimemimina ndoo nzima. Amenikataza kumwandikia yeyote kati yenu habari za ukuta baada ya barua hii, mpaka niwasilishe. Jopo likiona mshiriki mmoja ameyajua ya mwenzake kupitia kwangu, jozi yenu inaweza kutolewa, nami nikarudia mwaka.

Na bado, mama mdogo, naona aibu kusema, lakini nina furaha inayonitoa jasho. Maana hebu fikiria, kama wewe hukuomba, basi

Hapana. Nimekata mistari minne hapa. Siwezi.

Kama mtafiti, nakuomba usifanye lolote mpaka tarehe ishirini na tano ipite. Kama mtoto aliyelala chini ya ile meza, sikuombi hivyo hata kidogo. Natamani kuwaona mko pamoja kuliko ninavyoitaka hii shahada. Amua mwenyewe.

Kwanini

27 Aprili

Mama mdogo,

Shikamoo. Nimewatumia wewe na mama kadi za salamu tupu, kila mmoja ya kwake, na hakuna aliyejibu. Roho iko juu.

Juzi niliwasilisha. Nilifikiria kuificha barua ya swali la nne. Nisingeweza kuwatazama usoni, kwa hiyo niliisoma yote kwa sauti, na kosa langu, na mistari niliyokata. Mjumbe mmoja wa jopo, mama mwenye sauti nzito, akauliza, "Na sasa hivi washiriki wako wana hali gani?" Nikasema sijui. Akasema, "Basi hujamaliza. Umegusa maisha ya watu. Rudi ukaone ulichogusa, uandike na hicho. Matokeo yako yanaanzia hapo."

Hawakunifelisha! Wamenipa mpaka mwisho wa Mei. Nilitoka pale nikiruka ngazi mbilimbili, nikafika chini, ndipo nikakumbuka kwamba hamjanijibu.

Nimekaa kutwa nikitunga swali lisilo na jibu ndani yake. Nimeandika, nimechana. Mwisho nimelipata, na ni lile tunaloanza nalo kila barua, nami siku zote nalipita mbio.

Hamjambo?

Mwanao,
Kwanini

6 Mei

Kwanini mwanetu,

Marahaba mbili, moja yangu na moja ya mama yako, aliyeinama hapa begani kwangu, tena lile bovu, ananichunga nisitie chumvi. Umeuliza vizuri safari hii. Hatujambo na tumejaa vumbi.

Barua yako ya mistari iliyokatwa ilinikuta na kitambaa cheusi cha mteja mmoja mwenye maneno mengi. Nilipofika pale ulipokata, mwanangu, nilielewa kuliko kama ungeandika. Nikachukua chaki. Ndani ya pindo, mahali ambapo mteja haoni, nikaandika: "Ukuta uliomba wewe?" Nikamwambia mteja arudishe upande wa pili, mkato una kasoro. Akazunguka akisonya. Akarudi akisonya zaidi. Chini ya maneno yangu mama yako ameandika: "Si uliomba wewe?"

Nilicheka na kulia mbele ya yule mteja, nikasikia mkasi unaanguka sakafuni upande wa pili. Safari hii sikusogea ukutani. Nilitoka nje. Tukakutana nyuma ya nyumba, kila mmoja anakimbia kuelekea mlango wa mwenzake. Tuliyosemezana hapo si ya utafiti.

Mjomba tulimwita, akaja anajua. Kumbe sote alituambia yaleyale, siku ileile, kofia mkononi vilevile. Akajitetea, "Lakini si mlitulia?" Kweli tulitulia! Mama yako akampa nyundo. Ameuvunja mwenyewe, tofali amezibeba mwenyewe, sisi tulikuwa tunamwelekeza, kila mmoja kivyake. Kadi zako zilikuwa chini ya vifusi, utusamehe.

Sasa lile swali lako la kwanza. Tumelijadili na hatukubaliani. Mimi nasema sababu ni mjomba. Mama yako anasema mjomba alidanganya siku moja, hizo siku nyingine tulijidanganya wenyewe. Kila mmoja aliamini haraka kwa sababu alikuwa amekwisha kununa, na hakuna aliyeuliza. Sikupenda kuyasikia, lakini nimeyaandika kama alivyosema. Weka yote mawili. Yule mama wa sauti nzito atachagua.

Meza bado tunaisukuma. Leo imeganda katikati ya chumba, wateja wanaizunguka, na wanasema afadhali ile ya kuzunguka nyumba.

Jambo la mwisho, liandike vizuri. Jana mama yako alinipa hariri, ile inayoteleza kuliko zote. Nikaigeuza huku na huku, hakuna alama ya chaki hata moja. Nikamwuliza mbona hajanitilia. Akasema, "Ya nini? Si nipo? Ukifika hapo nitakwambia."

Mama zako,
Mshiriki wa Kwanza (mimi, mdogo, niliyeshika kalamu)
na Mshiriki wa Pili (anasema ni kwa leo tu)