Kinywa cha Perege

Binti yangu mkaidi,

Mimi mzima, goti tu ndilo linalogoma. Juzi alikuja mtaalamu wa samaki, akasema perege wa mto wetu hapatikani mto mwingine wowote duniani. Nikamjibu, "Bwana, mimi namkaanga tangu utoto!"

Akamweka mmoja kwenye beseni na watoto wake, wadogo kama mchele. Nikagonga beseni kwa utundu. Salale! Mama perege akafungua kinywa, wote wakakimbilia ndani. Nikadhani kawala. Kulipotulia akawatema wazima, hakupungua hata mmoja.

Nasikia mumeo kakufukuza na mtoto, nawe unaona haya kurudi. Njooni. Watakaogonga beseni niachie mimi.

Ni mimi babako, niliyeshindwa kula perege tangu juzi.