Kwa Mwanangu Uliyesahau Kuzima Maikrofoni

Mwanangu Ombati,

Nimeiona video yako mpya. Lori limebeba magogo, limepanda mlima, limeteleza likaingia mtoni, nawe ukaandika "Woi!" kwa herufi kubwa kama mtu aliyepoteza lori la kweli lenye bima. Sijui ni nani aliyekufundisha kwamba mwanamume mwenye shahada na ndevu anaweza kuketi mchana kutwa akiendesha gari lisilokuwapo, kisha airekodi ajali yake na kuwaonyesha watu. Si mimi. Nilikagua shule sehemu kubwa ya maisha yangu, kuanzia Kiogoro hadi huku kwetu Gesima, na nimeona uvivu wa kila aina. Uvivu unaojirekodi niliuona kwako kwanza.

Nakuandikia kwa Kiswahili makusudi. Kwa Ekegusii kuna mambo ambayo kinywa cha baba hakiwezi kumtamkia mwanawe aliyekwisha kuoa, na nitayahitaji baadhi yake hapa. Kiswahili tulikipata shuleni, hakitujui sana, hakitaona haya kwa niaba yetu. Na barua hii naiacha wazi, aisome anayetaka, kwa sababu pale kituo cha chai bado wanasema niliwafukuza wewe na mke wako. Wacha wasome. Wengi wao hawajasoma kitu tangu watoke shule, kitawafaa.

Unakumbuka siku niliyoijua kazi yako? Nilikuwa nateremka kwenda kwenye chai, panga mkononi, nikasikia ukipiga mayowe ndani ya nyumba yako pale chini ya migomba: "Breki imekataa! Woi, breki imekataa!" Nilikimbia. Nilikuwa bado naweza kukimbia. Nilifika mlangoni nikasimama, kwa sababu baba haingii katika nyumba ya mwanawe. Wageni wanaosoma haya wajue kwamba kwetu hiyo ni chinsoni, ile heshima yenye haya ndani yake: baba hakanyagi anapolala mwanawe na mkewe, haoni kitanda chao, hasikii yanayosemwa hapo. Nikaita kutoka nje.

"Ombati! Nani anakufa humo?"

"Hakuna, baba. Ni gemu."

"Ni nini?"

"Gemu ya simu. Narekodi."

"Unarekodi nini?"

"Nikicheza."

Mvua ilikuwa imeanza. Nilisimama pale na panga langu nikitafuta swali jingine. "Yaani unacheza, halafu unajirekodi ukicheza, ili watu waache kazi zao wakutazame ukicheza."

"Ndiyo, baba."

Ungalinidanganya kidogo. Ungesema unaandika barua ya kuomba kazi. Lakini ulinijibu kama mtu anayesema anakamua ng'ombe, na nikaenda zangu nikiwa nimelowa na nikiwa na hasira ambayo haikuwa na mahali pa kukaa.

Jioni hiyo niliitafuta chaneli yako. Usishangae, kuitumia simu si uganga. Niliipata, nikaketi kwenye benchi nyuma ya zizi, nikatia waya masikioni, na sikusikia chochote. Lori lilikwenda kimya, likaanguka kimya. Uliirekodi skrini bila sauti na hukujua. Mtu mmoja alikuwa ameandika chini yake, "Bro, hii ni gemu ama ni matanga?" Nilicheka hadi mama yako akaja kuona nimeshikwa na nini.

Video iliyofuata ulichagua maikrofoni peke yake. Injini ikasikika kama mtu anayekoroma ndani ya blanketi, na kuku wa mama yako wakasikika kuliko lori. Nilisikia ng'ombe wangu akilia. Nilisikia mvua kwenye mabati yako. Nilijisikia mimi mwenyewe nikikohoa kule juu, kikohozi ambacho wakati huo sikukijali. Kazi mbovu kabisa. Ungekuwa mwalimu ningekuandikia ukurasa mzima.

Na nilikuandikia. Yule mtu anayejiita Majani Mabichi ni mimi.

Soma tena hapo. Yule aliyekuambia, "Mlio wa injini unameza maneno yako, chagua sauti ya simu pamoja na maikrofoni, kisha ipunguze sauti ya mchezo wenyewe," ni baba yako. Yule aliyeandika, "Acha kuanza kila sentensi na 'yaani', huna cha kufafanua," ni baba yako. Ukanijibu, "Asante mkuu. Umenichoma lakini uko sawa." Video iliyofuata, injini ilikuwa chini, sauti yako juu, na 'yaani' zimepungua. Nilikulea miaka yote hiyo, na hiyo ndiyo mara ya kwanza ulinitii bila kununa. Nilizitazama zote. Naendelea kusema ni upuuzi. Nimeutazama upuuzi wako kwa makini kuliko nilivyowahi kutazama ripoti ya elimu, na hilo linasema mengi kuhusu ripoti za elimu.

Sasa nifike kwenye lililonifanya niandike.

Kuna video uliyoiweka ukasahau kwamba kurekodi hakuishi mchezo unapoisha. Lori lilianguka, ukasema kwaheri kwa mashabiki wako, wote wawili watatu, ukaiweka simu chini. Skrini ilibaki ikionyesha ile picha ya kuanza mchezo upya. Maikrofoni ilibaki wazi. Nawe, kwa uzembe usio na kifani, hukuitazama kabla ya kuiweka mtandaoni. Nilikuwa kwenye benchi langu, waya masikioni, nikimsikia mke wako akiingia. Mlisema kwa Ekegusii, mimi nayaandika kwa lugha hii ya kuazima.

"Umemaliza kuliua lori?"

"Limekufa lenyewe."

Kwamboka akacheka. Halafu yakafuata maneno ambayo sitayaandika hata kwa Kiswahili. Mchana kweupe, Ombati, mvua ya saa nane, watu wanachuma chai! Nilizing'oa waya masikioni nikamkodolea ng'ombe macho kana kwamba yeye ndiye aliyekosea. Nilipozirudisha, nikidhani mmenyamaza, mlikuwa mkizungumza kwa sauti nyingine.

"Tunaishi hapa kama wapangaji wa baba yako," alisema. "Akikohoa, wewe unaacha kupumua. Kaka yangu ametupatia nyumba Nakuru. Mwambie mzee."

"Nimwambie nini? Atanisimamisha pale nje anisahihishe kama insha. Twende Sabato, wakiwa kanisani."

"Kama wezi wa kuku?"

"Kama watu wanaotaka amani."

Akakuuliza kama huko Nakuru utaendelea na hizo video zako ambazo hakuna anayezitazama. Ukamjibu: "Yuko mmoja, Majani Mabichi. Ananitukana, lakini anatazama mpaka mwisho. Mzee wangu hajawahi kunitazama mpaka mwisho wa kitu chochote."

Niliandika chini ya video, "Ifute hii. Mwisho wake una mambo ya nyumbani." Ikatoweka kabla ng'ombe hajamaliza kucheua. Nadhani wewe na Kwamboka mliona haya mbele ya mtu msiyemjua wa mbali. Nami nilibaki na neno lako, na mpango wenu wote, na siku yake.

Hapo ndipo uone jinsi ulivyonifunga bila kujua. Ningeweza kuja mlangoni na kusema, usiende. Ungeuliza, nani amekuambia naenda? Nikujibu nini? Nisimame nje, mimi mzee wa kanisa, niseme nimekusikia na mke wako chumbani? Hakuna baba Gesima nzima mwenye uso wa kusema hivyo, na hakuna mwana ambaye angeweza kuninywesha chai tena baada ya kuyasikia. Ningeweza pia kujifanya mgonjwa siku ya Sabato nibaki nyumbani, niketi uani mkiniona. Nililifikiria hilo. Mngeahirisha. Mngengoja Sabato nyingine, na nyingine, mkipumua kidogo kidogo.

Basi nilivaa suti yangu nikaenda kanisani.

Ibada ilipoisha mama yako alishika mkoba wake. Nikamwambia tungoje mkutano wa alasiri.

"Wewe?" akasema. "Wewe unayesinzia hata kabla ya sadaka?"

"Kuna somo la familia."

"Familia gani? Mwenye kufundisha ni yule kijana asiye na mke."

"Ndiyo maana nataka kumsikia. Keti, mama Ombati."

Aliketi akinitazama kama mtu aliyeolewa na mgeni. Yule kijana alifundisha vibaya kama nilivyotarajia. Ilipoisha nikamsimamisha kila mtu mlangoni, nikauliza habari za wagonjwa ambao siwapendi. Wakati huo wewe ulikuwa ukipakia godoro na masufuria kwenye gari la kukodi, ukitazama njia kila mara, moyo juu. Ulijiona mjanja. Hujawahi kunidanganya hata mara moja, Ombati. Mlitoroka kwa sababu niliwaachia njia, na niliwaachia kwa muda mrefu kuliko mlivyohitaji, kwa sababu nakujua, hujawahi kufunga mzigo kwa wakati.

Tulirudi tukakuta kufuli mlangoni kwako. Mama yako alilia. Nikamwambia umekwenda kutafuta kazi, na hilo ndilo neno la hisani zaidi nililowahi kusema juu yako. Majirani wakasema nimekufukuza. Nikawaacha waseme, maana ukweli haukuwa wa kuambiwa watu wenye vikapu vya chai mgongoni.

Yamepita. Sasa huko Nakuru umenunua simu nzuri na umejifunza kuirekodi sauti ya mchezo peke yake. Injini safi, breki safi, maji ya mto safi. Nimezisikiliza zote. Hakuna kuku, hakuna mvua, hakuna mtu anayeita mtu. Hata wewe mwenyewe huongei tena, unaweka maandishi. Ni kazi isiyo na kosa na sijawahi kuona kitu kitupu kama hicho. Zile mbovu nilizozidharau zilikuwa na nyumba ndani yake.

Sasa kuhusu mwili wangu, kwa kifupi. Kile kikohozi kilikuwa na maana. Daktari wa Kisii alimwita mama yako kando akazungumza naye kama vile mimi ni mtoto wa nasari, lakini nimesoma, na najua kusoma uso wa mtu anayeficha matokeo. Siendi tena kwenye chai. Siendi hata uani. Wiki iliyopita mama yako alikupigia simu, na ukamwambia utakuja Disemba. Disemba ni ya watu wenye mapafu. Kisha ukamwambia, "Mama, nikija ataniuliza kwa nini nilitoroka, na sina jibu la kumpa." Nilisikia kwa sababu alikuwa ameweka spika bila kukuambia. Familia hii haijui kuzima kitu.

Basi hilo ndilo lililobaki la kukueleza. Sitakuuliza. Nilijua siku, nilijua saa, nilijua nyumba ni ya nani na kwa nini mnakwenda. Huna swali la kuogopa kutoka kwangu. Jibu ninalo tangu kabla hujafunga mzigo. Ukiendelea kubaki huko, usiseme tena kwamba ni kwa ajili ya ukali wangu. Sema una kazi ya kuendesha lori mtoni, nitakuelewa, na nitakudharau kama kawaida.

Na ukija kwa mazishi tu, utakuwa umekuja kula wali. Wapo wengi wa kuula, hawakuhitaji.

Njoo nikiwa bado naona. Mje na Kwamboka. Mwambie hapa hakuna mpangaji. Lakini kuna jambo moja lazima ulijue kabla ya kufika, na ndilo lililonifanya nikimbilie Kiswahili tangu mwanzo. Sikai tena sebuleni. Nalala kwenye chumba chetu cha ndani, chumba ambacho hujakikanyaga tangu ulipotoka jandoni, na sivai nguo za kumpokea mtu. Natakiwa kugeuzwa ubavu huu na ule, kupanguswa, kuinuliwa kama mtoto. Mama yako anafanya peke yake na mikono yake haiwezi. Juzi tulianguka wote wawili kitandani, tukabaki hapo tukihema hadi jirani akaja.

Ninajua ninachokuomba. Baba yangu asingeliomba. Yeye angechagua kuoza upande mmoja. Mimi nimekwisha kuyasikia ya kwako ambayo sikupaswa kuyasikia, na bado wewe ni mwanangu. Utayaona ya kwangu, na nitabaki baba yako.

Ukifika usisimame nje ukaniita. Sauti yangu haifiki mlangoni. Pitia sebuleni, sukuma pazia, uingie.

Ni mimi,
Baba yako