Mmoja Aliapa kwa Niaba ya Wote

Jumapili jioni

Na mimi niliyenuna ndani ya treni! Nilivaa kitenge kipya baada ya misa, nikidhani mume wangu mpenzi ananipeleka kula mahali pazuri. Kumbe Serge alitaka nione uwanja wa zamani huko Antwerpen.

"Bon, bibi yangu, usinune. Olimpiki ilifanyika hapa, vita kuu ya kwanza ilipokwisha."

"Na chakula je, chéri?"

Alicheka, akanishika mkono, akaendelea kunisimulia. Hapa bendera ya pete tano ilipepea kwenye Michezo kwa mara ya kwanza. Hapa mwanamichezo mmoja aliinua mkono, akaapa kwa niaba ya wenzake wa nchi zote zilizokuja. Kabla yake, hakuna aliyewahi kuapa hivyo kwenye Olimpiki.

"Mmoja tu? Na wengine wakakubali?"

"Donc, kinywa chake kilikuwa kinywa chao."

Nikakumbuka harusi yetu. Papa, baba yangu mzazi, alinyimwa viza, akabaki Lubumbashi, na siku hiyo tonton anayeishi Evere, mdogo wake Papa, ndiye aliyetubariki mahali pake. Tangu siku ile ninaogopa kwamba baraka ya kuazima haitatushika. Sikuwahi kumwambia mtu.

Leo nilimwambia Serge, palepale mlangoni pa uwanja. Hakunicheka. Alimpigia Papa simu, akanipa.

"Papa, maneno ya tonton yalikuwa ya nani?"

"Yangu yote, mutoto! Nilimurudilisha maneno kwa simu, moja moja, mpaka akaniambia, yaya, kaka yangu, basi, nimechoka!"

Tulikula viazi vya kukaanga kituoni, vimeshapoa. Sijawahi kula kitu kitamu hivyo.